Vibanio Vinane

Garth Stuckey alikuwa anakula kwa pupa. Hilo ndilo jambo la kwanza Mpelelezi Ruthanne Pelky aliloliona alipoingia jikoni kwa marehemu, kabla hajavua koti. Udongo wa kaburi la mkwewe ulikuwa bado kwenye viatu vya yule bwana, naye alishafika sahani ya pili ya zile tambi za samaki wa kopo zilizoletwa na majirani, jibini imemgandia kwenye masharubu. Kila baada ya matonge mawili matatu alikumbuka kulia. Aliweka uma chini, akajifuta jicho kwa kitambaa cha karatasi, akampapasa mkewe begani, kisha akarudi kwenye sahani.

Mkewe, Noreen, mtoto pekee wa marehemu, hakuwa amegusa kitu. Jeli ya kijani ilikuwa inayeyuka mbele yake, vipande vya karoti vikitokeza. Alikuwa amevaa sweta la mikono mirefu ingawa jikoni mle mlikuwa na joto la kutoa jasho.

"Mzee alikuwa zaidi ya baba kwangu," Garth akasema. "Karibu, dada mpelelezi. Chukua sahani. Watu wa kanisani wamepika hadi wamepitiliza."

"Nimeshiba," Pelky akajibu. Hakuwa ameshiba, ila aliona afadhali njaa.

"Tumesikia faili linafungwa leo. Vizuri. Mizigo yangu iko tayari kwenye pikapu, tukitoka hapa ni moja kwa moja Oklahoma. Mke wangu hawezi kulala tena katika mji huu. Au siyo, mama?"

Noreen aliitikia kwa kichwa bila kuinua macho.

"Na wewe unataka kwenda?" Pelky akamuuliza.

"Anataka," Garth akasema.

"Nimemuuliza yeye."

Noreen alisogeza kijiko mezani. "Mimi ndiye niliyemuua baba, dada. Niende wapi, nibaki wapi, yote sawa. Alhamisi, kwenye meza hii hii, baba alimwambia Garth kwamba Jumamosi anakuja kunichukua na Ford yake, mimi na masanduku yangu. Nikamfokea. Nikamwambia heri nisingekuwa na baba. Tukaondoka. Ijumaa asubuhi jirani akamkuta."

"Basi, basi," Garth akasema, akimkanda bega kwa vidole vyake vyenye mafuta ya tambi. "Hukukusudia. Mzee alikuwa na yake moyoni. Mungu ndiye anajua."

Pelky aliuangalia mkono ule ukikanda, akaona yule mwanamke anavyokaza shingo kila ulipomgusa. Alitaka kuung'oa palepale. Badala yake aliomba radhi, akatoka kwa mlango wa nyuma kuelekea gereji.

Naibu wake, Duane Hatch, alikuwa anamsubiri ndani, amekaa juu ya ndoo iliyofudikizwa. Mbele yake ilisimama Ford ya mwaka sitini na sita, rangi ya maziwa, boneti wazi. Ndani ya gari hilo ndimo Wendell Brandt alimokutwa amekufa, kwenye kiti cha dereva, chupa ya wiski mapajani. Lango la gereji lilikuwa limefungwa, ufunguo wa gari umewashwa, betri imekwisha. Daktari alikuta damu yake imejaa moshi wa injini. Sherifu hakuhitaji zaidi ya hapo. Mzee kagombana na bintiye, kalewa, kajifungia, kawasha gari, kwisha habari.

"Jaji ametia sahihi," Duane akasema, akijipiga mfuko wa shati. "Ila bosi, sherifu ananung'unika. Anasema unainyima familia mapumziko yake."

"Familia yenyewe iko jikoni inatafuna. Umeziona plagi?"

"Nimeona picha tu."

"Basi sikiliza, maana sitarudia mbele ya yule mtu." Pelky aliinama juu ya injini. "Plagi zote nane tulizozitoa humu Jumamosi zilikuwa mpya. Nchani nyeupe kabisa. Plagi ikiwaka hata kwa muda mfupi inashika masizi, na hizi hazikuwa na masizi hata chembe. Zile za zamani zilikuwa pale mezani, zimefungwa kwenye gazeti la Alhamisi."

Duane alikuna kidevu. "Kwa hiyo injini haikuwaka."

"Haikuwaka. Mzee alibadilisha plagi, akaziacha waya bila kuzichomeka ili amalizie asubuhi, akaingia garini kusikiliza mpira kwenye redio na kunywa. Ndiyo maana ufunguo ulikuwa umewashwa na betri ikaisha. Kila mtu mtaani anajua alikuwa analala humo. Sasa niambie wewe, mtu anayetaka kufa kwa moshi wa gari, anachomoa kwanza waya za plagi?"

"Hapana, bosi. Lakini moshi si ulikuwepo? Kwenye damu ulikuwepo."

Pelky alimwonyesha kwa ncha ya kiatu. Chini ya lango kulikuwa na kile kijimlango cha mbwa ambacho Wendell alikikata zamani, mbwa wake alipokuwa hai. Pazia lake la mpira lilikuwa limeyeyuka upande mmoja, na kipande kimenyofoka.

"Mtu alirudisha gari lake nyuma hadi hapo nje," Pelky akasema, "akaingiza bomba lililofungwa kwenye ekzosi yake. Kazi ilipokwisha akafungua, akaacha hewa mbaya itoke, akaingia kuweka mambo sawa. Hapo ndipo alipopata mshtuko. Anajaribu kuliwasha, betri imekwisha, anafungua boneti, anakuta waya zinaning'inia. Gari lisilo na waya haliwezi kumuua mtu kwa moshi. Ikabidi azichomeke."

Aliitoa picha bahashani akaiweka juu ya ubavu wa gari. Ilionyesha injini kama walivyoikuta. Kila waya ulikuwa umebanwa kibanio cha nguo cha mti, na juu ya kibanio namba iliyoandikwa kwa wino mwekundu, moja hadi nane. Ulikuwa mtindo wa Wendell, na wazee wengi wa rika lake walifanya hivyo ili wasichanganye nyaya. Upande wa pili wa kila waya ulikuwa haujaguswa, umekaa kwenye kifuniko cha distribyuta, kile kigawa umeme wa plagi, pale mzee alipouacha.

"Angalia namba mbili," Pelky akasema.

Duane aliinama. Alikuwa ametoka kwenye ukoo wa Ford, ukoo ambao bibi yake alikuwa akifunga mapazia Chevrolet ikiingia uani. Hakuchukua muda. "Hee! Mbili iko mbele kabisa? Hapo ni nyumbani kwa moja!"

"Hesabu kama Ford."

"Ford unahesabu upande wa abiria kwanza, mbele kwenda nyuma, moja mbili tatu nne. Halafu upande wa dereva, tano mpaka nane. Hii... " Alifuata nyaya kwa kidole. "Huyu ameruka ruka. Moja kwa dereva, mbili kwa abiria, tatu kwa dereva. Witiri huku, shufwa huku. Bosi, hii ni hesabu ya Chevrolet!"

"Namba za Wendell zilikuwa sahihi. Aliyezichomeka alizisoma vizuri, akazipeleka kwenye silinda anazozijua yeye tangu utotoni. Hakuna hata waya mmoja uliofika kwake. Tazama huu wa tano ulivyokazwa, umebaki kidogo ukatike. Mzee Brandt hata angelewa hadi asijue jina lake, asingeukaza waya hivi."

Duane alipiga mbinja taratibu. Kisha akakunja uso. "Lakini nusu ya mji huu ni watu wa Chevrolet."

"Ndiyo. Kwa hiyo sikiliza utakavyofanya." Pelky alifunga bahasha. Nyaya za zamani na plagi zilikuwa maabara. Seti mpya ya nyaya, ambayo Wendell aliinunua kwa ajili ya Jumamosi, Pelky alikuwa ameitoa kwenye boksi asubuhi ile, akachomeka upande wa distribyuta kama ilivyo pichani, akabana vibanio vipya na kuandika namba zilezile. Plagi nyingine mpya zimo. Betri imechajiwa. Upande wa pili wa nyaya uliachwa unaning'inia.

Garth alipoitwa alikuja akijichokoa meno. Noreen alimfuata nyuma, akasimama karibu na meza ya vyuma bila kuliangalia gari.

"Samahani kuwakatiza," Pelky akasema kwa sauti ambayo ilimkera yeye mwenyewe kwa utamu wake. "Sherifu anataka kusikia injini ikiunguruma ndipo atie sahihi. Sasa wale vijana wa maabara walichomoa waya, hawajui kuzirudisha. Naona wewe ndiye mjuzi wa magari hapa."

Garth alicheka. "Wa magari, ndiyo. Hili si gari." Alimgeukia Duane. "Kaka, unajua kwetu wanasema nini kuhusu Ford? Ukinunua, nunua na viatu vizuri, maana utatembea."

"Kwetu wanasema Chevrolet ina joto kwenye kioo cha nyuma ili mikono isigande ukiisukuma," Duane akajibu, naye akacheka, kisha akajisogeza taratibu kuelekea mlangoni.

"Kwa hiyo hujawahi kuligusa hili?" Pelky akauliza.

"Mimi? Sijawahi kufungua boneti ya Ford tangu nizaliwe. Muulize yeyote. Mzee alikuwa ananitania kila Krismasi. Baba yangu angefufuka anichape."

"Hata Alhamisi hukuigusa?"

"Hata kwa kidole."

"Basi leo vunja mwiko, mara moja tu. Mpate kuondoka."

Garth aliitazama injini, akavitazama vibanio. Pelky aliona anavyofikiri, na alichokiona kilimtia kinyaa. Bwana yule hakuwa na hofu. Alikuwa na haraka. Gari likiwaka, faili linafungwa, naye anampakia mwanamke kwenye pikapu pamoja na mito na sufuria.

"Namba si zimeandikwa?" akasema, akikunja mikono ya shati. "Mtoto wa chekechea anaweza."

Alianza upande wa dereva, mbele. Namba moja. Akazunguka upande wa abiria, mbele, namba mbili. Akarudi kwa dereva, namba tatu. Alikuwa anapiga mluzi. Alisukuma kila kofia ya mpira kwa kiganja, bila grisi, bila kusikiliza kama imeshika. Pelky alisimama kando yake, picha mkononi, akilinganisha. Namba nne, ileile. Waya wa tano haukutaka kufika. Garth aliuvuta kwa nguvu hadi ukalalia juu ya chuma, umekazwa kama kamba ya nguo, na akaridhika nao. Kulikuwa na harufu ya tambi za samaki katika pumzi yake. Pelky alirudi nyuma hatua moja ili asiivute.

"Siyo hapo."

Sauti ilikuwa ndogo. Noreen alikuwa amekaribia bila mtu kumsikia. Midomo yake ilikuwa inahesabu.

"Nini?" Garth akasema.

"Mbili iko nyuma ya moja. Na moja iko upande wa abiria. Baba alikuwa ananipa vibanio nishike nikiwa mdogo, nampa kimoja kimoja. Hapo hujaweka hata..."

"Nyamaza, mama. Wanaume wanafanya kazi."

"Garth, hiyo ni Ford, huwezi—"

"Nimesema nyamaza!"

Hakupiga. Alinyanyua tu kiwiko kidogo, akiwa bado ameinama juu ya injini, wala hakugeuka. Noreen alirudi nyuma hadi mgongo ukagonga meza, mkono mmoja umefunika ule mwingine juu ya sweta. Alifanya hivyo upesi, kwa mazoea. Pelky aliinua tena picha.

"Endelea tu, bwana Stuckey," akasema. "Umebakiza tatu."

Sita. Saba. Nane. Garth alijifuta mikono kwenye suruali ya msibani, akaingia garini, akakaa mahali palepale mkwewe alipofia, hata hakusita. Akazungusha ufunguo.

Injini ilikohoa. Ikagugumia, ikatikisika, kisha kabureta ikalipuka kwa mlio wa bunduki na ulimi wa moto wa bluu ukatoka juu. Noreen alipiga ukelele. Garth alijaribu tena. Mlio mwingine. Tena. Ikawa inasaga tu, moshi ukipanda kwenye taa.

"Betri mbovu!" akapaza sauti.

"Betri nzima."

"Basi gari bovu. Si nilikwambia? Ford. Haliwaki."

"Haliwaki," Pelky akakubali. "Wala Alhamisi halikuwaka." Aliilaza picha juu ya kioo cha mbele, mbele ya macho yake. "Hivi ndivyo nilivyozikuta waya siku mzee alipokutwa. Linganisha mwenyewe. Zote nane. Mpaka ule wa tano ulivyouvuta."

Garth aliiangalia picha. Aliiangalia injini kupitia upenyo wa boneti. Kwa mara ya kwanza tangu Ijumaa uso wake ulikuwa na kitu cha kweli ndani yake.

"Hiyo si kitu," akasema. "Wangapi hapa mjini wanahesabu hivyo? Kamata wote basi."

"Umesema kweli. Ndiyo maana nilimwomba jaji ruhusa ya kupekua pikapu yako."

Duane aliingia wakati uleule, amevaa glavu, amebeba mfuko mkubwa wa plastiki. Ndani mlikuwa na bomba la bati la kukunjakunja, refu, jeusi kwa masizi. Kwenye mdomo wake kilikuwa kimegandia kipande cha mpira kilichoyeyuka.

"Lilikuwa chini ya magodoro, bosi," Duane akasema. "Amelipakia kabisa. Anahama nalo."

"Bomba zuri lile," Garth akasema, kama mtu anayejibu swali la dukani. Kisha akaona wanavyomtazama. Alitoka garini, akamgeukia mkewe, mikono wazi. "Noreen. Waambie. Mzee alitaka kunichukulia mke. Mke wangu, wa ndoa! Angekuja kwangu na likopo lake, achukue kitu changu mbele ya mji mzima. Wewe mwenyewe ulimwambia heri usingekuwa na baba. Si ulisema? Mimi nilikusikia. Waambie ulisema!"

Alikuwa anasubiri amuunge mkono. Hilo ndilo Pelky hakuweza kulisahau baadaye, kwamba yule mtu alisimama pale akingoja kushukuriwa. Katika miaka yake yote ya kazi alikuwa amewafunga pingu wezi na walevi na hata muuaji mmoja aliyemhurumia. Huyu alimfunga kwa ncha za vidole, na Duane alipomtoa nje, Pelky alitafuta kitambaa mezani akajifuta mikono hadi ngozi ikauma.

Nje mlango wa gari la polisi ulifungwa. Kelele za Garth zikawa ndogo.

Noreen alikuwa bado ameegemea meza. "Hakujiua?" akauliza.

"Hakujiua."

"Lakini alinisikia. Alisikia nilichosema."

"Alikusikia," Pelky akasema. "Halafu mkaondoka, akaja hapa, akabadilisha plagi zote nane. Na waya mpya alishanunua. Mtu aliyekata tamaa na binti yake hatengenezi gari la kwenda kumchukua."

Noreen aliligeukia lile gari. Alilia kidogo, vibaya, bila kujifunika uso. Kisha alivua sweta. Mikono yake ilikuwa na alama za rangi zote, za zamani na za juzi, na hakujisumbua kuzificha. Alichukua bomba dogo la grisi lililokuwa mezani, akainama juu ya injini, akashika namba moja. Hakuvuta waya. Alishika kofia ya mpira yenyewe, akaizungusha nusu, akaichomoa taratibu, akapaka grisi ndani kwa ncha ya kidole. Akaihamishia upande wa abiria, mbele, akaisukuma. Ikalia *tik*.

"Usiposikia tik haijaingia," akasema, bila kumsemesha mtu.

Moja baada ya nyingine alizirudisha zote. Waya wa tano ukalegea, ukalala vizuri mahali pake. Pelky alijua kwamba angepaswa kumzuia, lakini ushahidi ulikuwa maabara, na hizi zilikuwa nyaya za Wendell kwa ajili ya Noreen tangu mwanzo.

Noreen aliingia kwenye kiti cha dereva. Akashika ufunguo, akasita, akamwangalia Pelky kupitia dirishani.

"Fungua kwanza lango, dada," akasema. "Lote. Baba hakuwahi kuwasha gari lango likiwa limefungwa."